Mzee Dou Aliyetazama Nyuma Bila Kuona

Saa kumi na mbili kasorobo asubuhi, na Mzee Dou Baoshan tayari amekwisha kufagia njia nzima ya kando ya Mto Luo. Anaegemeza ufagio kwenye msonobari, anavua glavu, anawasha kiredio chake cha muziki. Kisha anasimama akiwatazama watu arobaini wenye mvi.

"Leo tena," analalamika Bibi Tong Xiuhe, muuza tofu mstaafu mwenye miaka 74. "Mwalimu, hebu geuka. Ukinikodolea macho hivyo nasahau mkono wangu wa kushoto uko wapi."

"Uko palepale ulipouacha jana, dada," anajibu. Hageuki.

Hapa Luoyang, Uchina, mwalimu wa mazoezi huwapa watu mgongo, ili kulia kwake kuwe kulia kwao. Mzee Dou alifanya hivyo miaka tisa. Tangu Aprili anawakabili, na kila kitu anakifanya kinyume kama mtu wa kwenye kioo. Siku ya kwanza mstari wa mbele ulikwenda kulia, wa nyuma ukaenda kushoto, na kuna kofia ya mzee mmoja ambayo haijapatikana hadi leo.

Ana miaka 63. Kufagia bustani kunampa yuan 2,200 kwa mwezi. Kufundisha hakumpi kitu ila sifa, na sifa anazo. Wapo wanaoapa kwamba zamani, akiinuka juu ya vidole, ndege walimdhania mti, na mmoja akaanza kujenga kiota. Mwandishi huyu hakukiona kiota, lakini walioapa ni watu wazima.

Mazoezi yenyewe, Vipande Vinane vya Hariri, ni ya tangu enzi za mababu. Watu huyafanya ili pumzi itulie na miguu isiwasaliti uzeeni. Katika kipande cha nne unageuza shingo na kutazama nyuma, mara tatu kila upande.

"Marehemu mwalimu wangu alinifundisha kwamba jicho liwapite watu, liende mbali," anasema Mzee Dou. "Ukimtazama mtu, umeharibu. Basi nilijivunia sana jicho langu hilo."

Mara sita kila asubuhi jicho lile liliupita mstari wa nyuma. Na katika mstari huo, karibu na msonobari, alisimama mkewe, Miao Guizhi, mpishi mstaafu wa tambi katika kantini ya kiwanda.

"Miezi mitatu alikuwa anaushika mti," anasema Bibi Tong. "Sote tulimwona. Nikamwambia, Guizhi, mwambie mumeo miguu imegoma. Akasema, nikimwambia atanisahihisha tu."

Na yeye Bibi Tong, kwa nini hakumwambia?

"Nimwambie mtu anayetazama nyuma mara sita kila siku? Nilidhani ameona."

Ilikuwa Machi, mawe bado yana baridi. Walikuwa wamefika kipande cha mwisho, cha kuinua visigino na kuviangusha mara saba. Katika kisigino cha tano Mzee Dou alisikia kitu kikianguka nyuma yake.

"Nilidhani ni chupa ya chai ya mtu," anasema. Anachukua ufagio, anafagia mahali palipokwisha fagiwa. "Nikamaliza viwili vilivyobaki. Ndipo nikageuka."

Nyonga ya mkewe ilivunjika. Alifanyiwa upasuaji, akapewa mkongojo. Wanaishi ghorofa ya tano, jengo halina lifti, na tangu atoke hospitali, Miao ameshuka mara mbili tu, zote kwenda kwa daktari. Daktari ameonya kwamba asipotembea kabla ya majira ya baridi, huenda asishuke tena kwa miguu yake.

Kila siku baada ya kazi Mzee Dou anapanda ngazi na bakuli la supu ya ng'ombe, na ombi lilelile kwa mama wa mtoto wao, Lei.

"Mama Lei, kesho twende. Nitakushika."

"Unishike kwa mkono upi, Baba Lei? Nasikia siku hizi hujui wa kulia."

"Tong mdomo wake mrefu."

"Mdomo wake ndio gazeti langu. Weka supu hapo, na upunguze pilipili, hukuoa joka la moto."

Mumewe anapotoka kwenda kuosha bakuli, mama huyu anamnong'oneza mwandishi kwamba hufanya visigino saba kila siku, ameshika ukingo wa sinki, mumewe akiwa kazini. "Jana nilifika vitano," anasema. "Usimwambie."

Mzee Dou ana mpango wa Sikukuu ya Tisa Mara Mbili, tarehe tisa ya mwezi wa tisa wa kalenda ya kale, ambayo ni siku ya wazee, wiki tatu zijazo. Anataka mkewe asimame tena bustanini. Amekwisha kumwekea kiti chini ya msonobari, na hakuna anayethubutu kukikalia, hata Bibi Tong.

Mkewe amekubali, kwa sharti moja.

"Asinitazame," anasema. "Awape watu mgongo kama zamani. Sitaki kuhurumiwa na mwalimu mbele ya watu arobaini."

Mzee Dou amesimama mlangoni, bakuli linachuruzika maji.

"Sawa, nitageuka," anasema. "Lakini kipande cha nne siwezi kukiruka, Mama Lei. Na safari hii jicho litaishia kwenye msonobari."