Nguo za Idi Mbele ya Kamera

Watu wa televisheni ya ng'ambo walipokuja Mponde kuturekodi sisi yatima, niliwavalisha wadogo zangu nguo za Idi. Kwetu mgeni hupokelewa hivyo. Mkalimani wao akanivuta pembeni.

"Dada, wabadilishe. Wavae za shambani, wakae peku. Kule hawamwonei huruma mtoto aliyependeza."

"Huruma ya nini? Wameshakula."

"Basi msaada wa shule hamtaupata."

Msaada niliuhitaji kweli. Mimi mwenyewe niliacha shule darasa la sita ili niwalee. Hata hivyo nikamjibu, "Mwambie bosi wako awarekodi walivyo, au azime kamera yake."

Bosi akazima. Kesho yake nikaenda kuchuma chai ya watu, na wadogo zangu wakaenda shule.