Baba Kwenye Foleni ya Maharagwe

Sisi tuliolelewa kwenye nyumba za chuo enzi zile, shibe yetu ilikuwa maharagwe. Baba alikuwa mkuu wa chuo cha ualimu kule Kenya, lakini kila Jumamosi mchana alitupeleka, sisi wanawe watatu, kwenye bwalo la wanafunzi. Tulipanga foleni kama wengine, sahani mkononi, jua la utosi, moshi wa kuni na harufu ya maharagwe yaliyoshika chini ya sufuria.

Tabia hiyo aliitoa Amerika. Alisomea huko ujanani, miaka ile baada ya Vita vya Pili, na mkuu wa chuo chao, mzungu aliyepigana vitani kisha akatumikia serikali, alipanga foleni nyuma ya wanafunzi na trei yake mwenyewe. Baba hakusahau. "Ukitaka kuongoza watu," alituambia, "kula wanachokula." Mama aliona aibu tupu. "Watu watasema sipiki!"

Siku moja mpishi alimfichia mnofu chini ya ugali. Baba akaufukua, akampa kijana aliyekuwa nyuma yake. Mungu wangu, mnofu ule! Tuliusindikiza kwa macho mpaka ukamezwa. Na siku alipokuta fukusi kwenye maharagwe, magunia yote yalirudishwa kwa aliyeyauza.

Leo niko hapa London, naibu mkuu wa chuo. Mkuu anastaafu, wajumbe wa bodi wakanitaka nikikalie kiti chake, na kazi ya kwanza iwe kupunguza walimu. Nimechoka, jamani. Nakula sandwichi mbele ya kompyuta, na wanafunzi nawajua kwa barua pepe za malalamiko. Binti yangu, ambaye hata chipsi huletewa mlangoni hapa mtaani kwetu Thamesmead, aliniambia kwa Kiingereza chake nikatae, nitunze afya. Vijana wa leo! Wao huamka wamechoka.

Jumapili nilimpigia Baba. Ana miaka themanini na kitu, na masikio yake bado makali.

"Umeshawajibu?" akauliza.

"Nimekataa, Baba. Sina nguvu tena."

Nikangoja. Enzi zetu ukisema umechoka uliongezewa kazi, na yeye ndiye aliyeiongeza. Akasema polepole, "Basi pumzika, mwanangu."

Tangu nizaliwe alikuwa hajawahi kuniambia hivyo. Nilikata simu nikalia. Afadhali angenifokea.