Uvimbe wa Popi

Harufu ya mbwa aliyelowa mvua hunirudisha jikoni kwetu, milimani juu ya Lushoto, miaka ile ya Ujamaa. Popi alilala karibu na moto, mahali pangu. Alikuwa jike la kahawia, hodari wa kufukuza ngedere kwenye shamba la kijiji, na Tate, ndivyo tulivyomwita baba, alimpenda kupita kiasi. Akirudi shambani humpapasa yeye kwanza, ndipo aitikie shikamoo yangu. Nilikuwa na miaka tisa na nilimwonea mbwa wivu mkali. Naona aibu kusema, lakini ndivyo ilivyokuwa.

Kumtoa kupe ilikuwa kazi yangu. Siku moja, kwenye chuchu ya nyuma, vidole vyangu vikagusa kitu kigumu, kidogo kama harage. Nikajua si kupe. Nikanyamaza. Mahindi yakavunwa, kitu kikakua, na Tate alipokiona akafurahi. "Popi wetu ana mimba! Mpeni maziwa." Maziwa hayo yalikuwa yangu. Chuchu iliyovimba ilikuwa moja tu, nami nilijua tangu lini, lakini kinyongo kikanifunga mdomo tena.

Watoto hawakuja. Uvimbe ukafikia ukubwa wa peasi, ukapasuka, na Popi akaanza kukohoa. Tate akambeba mgongoni hadi kwa bwana mifugo, kwa kaniki ileile ambayo mama alinibebea mimi. Nilifuata nyuma, nikiionea wivu hata kaniki.

"Hii ni kansa," alisema bwana mifugo. "Imeshafika mapafuni, hana siku nyingi. Mngemleta ikiwa ndogo kama harage ningeikata, na wengi hupona. Nani humshikashika huyu mbwa?"

Tate akanitazama. "Mwanangu humtoa kupe. Angeiona, angeniambia."

Neno zuri kama hilo nililisubiri miaka yote, na lilipokuja nilitamani ardhi inimeze. Popi alikufa wiki hiyohiyo.

Siku hizi wataalamu wa mifugo wapo mpaka vijijini, nami nina mbwa wangu. Kila Jumamosi humpapasa chuchu mojamoja. Juzi mjukuu wangu alininunia. "Bibi, unampenda huyo kuliko mimi." Nikamvuta karibu, nikaweka vidole vyake tumboni mwa mbwa. "Ukikuta kitu kigumu, niambie," nikasema. "Niambie hata kama umenuna." Tate alikufa bila kuambiwa.