Posa ya Kenton na Filamu ya Mkwe

Tulikuwa watano nyumbani kwa kina Emi, mtaa wa Kenton huko ughaibuni: mimi, binti yangu Zuhura, mwanawe Nassor, tuliyekwenda kumposea, Emi, mchumba mwenyewe, na mamake Emi, Bi Sachiko, Mjapani. Tukawekewa filamu ya zamani ya kwao. Mimi, shule sina ila mdomo, nikamwambia Zuhura kwa Kiswahili, nikijua wenyeji hawasikii: "Mwigizaji gani huyu? Analia kama mbuzi, anatembea kama bata. Kapewa kazi kwa sura, na sura yenyewe iko wapi?"

Emi akaweka kikombe chini. "Bibi, Nassor amenifundisha Kiswahili. Huyo ni mama, filamu yake ya kwanza."

Bi Sachiko akatabasamu, akamuuliza bintiye nimesema nini.

"Nimwambie, Bibi?"

Nikikosea jina la aliyekuwepo, nisahihisheni. Maneno yangu nayakumbuka yote.