Mvua ya Arusha

Nakumbuka, mwanangu, Jumamosi moja pale Kitaji, Musoma mjini, enzi zile nilikuwaga msichana, nimeajiriwa kwenye chumba cha intaneti cha Mama Bhoke. Mzee Magesa akaingia tena. Huyu mzee alikuwaga anatoka kijijini Buswahili kila Jumamosi, anakuja na ombi lile lile.

"Binti, nitafutie hali ya hewa ya Arusha."

Arusha! Mtu analima Buswahili, mvua ya Arusha ya nini? Haya, mteja ni mteja. Nikabonyeza, nikamsomea: kesho manyunyu, na baridi. Akashukuru, halafu akabaki amesimama, kofia mkononi, anaitazama tu ile skrini. Nikaudhika jamani, maana foleni ilikuwa ndefu. Nikamwambia apishe wenzake.

Mama Bhoke akanivuta pembeni. "We Neema, huyu ana shamba Arusha? Kila wiki unamsomea mvua, hujamuuliza nani yuko huko?"

Nikamuuliza. Mzee akakaa kwenye benchi, taratibu. Alikuwa amegombana na mwanawe wa kwanza, kijana akaondoka kwenda Arusha, na namba ya simu akabadilisha.

"Nilitaka kujua tu kama ananyeshewa," akasema.

Weee, niliona aibu mpaka machozi yakanitoka. Tukaandika jina la kijana kwenye mtandao, tukampata, tukamwambia baba anamuulizia. Jumamosi iliyofuata jibu lilikuwepo. Mzee akaniomba nimsomee, kisha nirudie, kisha nirudie tena.

Sasa wewe uko Dar, kazi yako ni kuifundisha mitambo ijue watu wanatafuta nini. Najivunia, kweli kabisa. Ila juzi nilikuuliza basi la Dar linafika Musoma saa ngapi, ukanitumia linki na kale kapicha ka kidole gumba. Kwa goti hili linaloniuma, mama yako anaenda wapi na basi?

Nimechoka, mwanangu, kufafanua kila neno siwezi tena. Mtu akikuuliza kitu, mjibu, halafu ubaki naye kidogo, umuulize anakitakia nini. Wengi tunauliza kile tunachoweza kukitamka.

Mungu akubariki, ailinde kazi ya mikono yako, akufungulie njia. Na njia yenyewe ianzie hapo Dar, iishie kwangu hapa Butiama, nikuone wakati macho haya bado yanaona.