Mrejea Uliofunguka Kibokoni

Kanze wa Majengo alikuwa mtunga vikuba, vishada vya maua ya kunukia wanavyovaa wanawake kifuani. Asubuhi ungemkuta sokoni Marikiti ameketi juu ya gunia, asumini mapajani, mrehani kando, sindano mdomoni. Jua likipanda hujitwika kapu lake akaingia Mji wa Kale mpaka Mkanyageni, kwa Bi Mwanabaraka. Huko hakwenda kuuza. Alikwenda kuuhudumia mwaka.

Maana uani kwa bibi huyo ndimo mwaka ulimokuwa ukiota. Watu wa mtaa walikuwa na kalenda za ukutani kama watu wengine, lakini wakitaka kujua wamefika wapi hasa, walichungulia kwa Bi Mwanabaraka. Mti wa kwanza, Mlia, ukidondosha machozi ya chumvi majanini, hata iwe kiangazi, mwaka umeanza. Mlia ukikauka huja Mtaja. Maganda yake hupasuka kwa sauti, na kila ganda hutaja jina la mtoto atakayezaliwa mtaani; wajawazito walikuwa wakija kutega sikio. Kisha Msahau. Ua lake ukilitazama waijua rangi yake, ukigeuka tu imekutoka. Kanze alilitazama miaka na miaka, na ukimuuliza ni la rangi gani hucheka.

Wa mwisho ni Mrejea. Huo hutoa tumba moja basi, nalo hufunguka baada ya sala ya alasiri. Likifunguka, kila aliye karibu husikia harufu ya kile kilichompotea. Harufu ikiisha mwaka umefungwa, ua linaacha kokwa moja ya kuoteshea mwaka ujao, na mti wenyewe umekufa.

Bi Mwanabaraka alizaa mtoto mmoja, Zuhura, naye hakufika umri wa kutembea. Kila Mrejea ulipofunguka, bibi yule alikuwa akisikia harufu ya utosi wa mwanawe. Mwaka ule wa tisini na saba, mwaka wa mvua isiyokoma, alikuwa hajiwezi, hainuki kitandani ila kwa kushikwa. Akamwambia Kanze kwamba akimsikia Zuhura mara hii tena, hatamwomba Mungu nyongeza.

Sasa mvua ile ilivuruga kila kitu. Mkilua ulioegemea Mrejea ukachanua nje ya wakati wake, matumba kwa matumba, ya kijani yaliyoanza kuiva manjano. Na mtaani Kibokoni palikuwa na mwari, Barke, anasingwa manukato mwilini siku ile kwa harusi yake, na nyumba nzima yangoja vikuba. Kanze akachuma vilua mbio mbio huku manyunyu yakimpiga machoni, akatunga, akapeleka. Aliporudi uani akaona majani ya Mrejea yameelekea juu kama viganja vya mwenye kuomba dua, ndiyo dalili yake siku ya kufunguka. Na katikati ya majani, pale penye tumba, pana kikonyo kitupu.

Alikuwa amelichuma pamoja na vilua bila kujua, akalitia katika kikuba cha mwari. Alirudi Kibokoni mbio, akaingia chumba cha mwari bila hata kukung'uta miguu, akaeleza. Somo wa mwari, yaani kungwi wake, Bi Rukia, mwanamke wa maneno, alimsikiliza huku akiendelea kumpaka Barke singo mikononi.

"Kanze, kikuba kikishakaa kifuani mwa mwari hakitoki mpaka kinyauke," alisema. "Au wataka tukuvulie na leso yake?"

Wanawake wakacheka. Kanze hakucheka. Akasema kama kikuba hakitoki na mwari hatoki, basi Bi Mwanabaraka atakuja. Kicheko kikakatika. Bibi yule alikuwa hajavuka kizingiti chake tangu mwaka uliopita.

Kanze akamwendea Kitsao, hamali wa Marikiti, aliyekuwa akishusha magunia ya viazi jirani na hapo. Wakaenda Mkanyageni, wakatandika godoro mkokotenini, wakampandisha bibi, wakamfunika turubai. Kwenye kona moja mkokoteni ukakwama ukuta kwa ukuta.

"Kitsao," sauti ikatoka chini ya turubai, "mimi si kiazi. Usinimenye."

Adhana ya alasiri ilikuwa imeshakwisha walipofika. Wanawake walimbeba bibi mpaka kitandani kwa mwari, wakamweka ubavu kwa ubavu naye. Na hapo, kati ya asumini na mrehani, tumba likafumbuka pole pole kama jicho la mtu anayeamka.

Bi Rukia alishika ukuta, mkono umejaa singo. Mwanamke mmoja akaketi sakafuni kama aliyeitwa. Kanze alisikia moshi wa jiko la mamake, Kaloleni, wakati mamake yu hai na kuni ni mbichi, akaogopa hata kupumua asije akaumaliza. Nje, Kitsao aliacha kukung'uta turubai, akasimama ameinamisha kichwa. Bi Mwanabaraka alilaza shavu lake kifuani mwa mwari, akafumba macho, midomo ikicheza kama anayembembeleza mtoto.

Barke peke yake ndiye aliyekuwa akitazama huku na huku. Machozi yakamlenga.

"Bibi, mimi sisikii kitu. Nasikia asumini tu. Nina kasoro gani?"

Bi Mwanabaraka hakufumbua macho. "Huna kasoro, mwanangu. Hujapotewa bado. Usiifanyie haraka siku hiyo."

Harufu ikaondoka taratibu, kama maji yanavyorudi baharini. Ua likanyauka papo hapo, na kokwa ikadondoka mapajani mwa Barke. Bi Rukia, safari hii bila mzaha, akaiokota amrudishie mwenyewe. Bibi akaichukua, akaitia katika kiganja cha mwari, akamfumba vidole kimoja kimoja.

"Mwaka umefungiwa kwako," akasema. "Utakaokuja utauotesha wewe. Kanze atakuonyesha."

Wakarudi Mkanyageni mvua ikiwa imetulia kidogo. Kitsao alivuta mkokoteni polepole, hakupiga mluzi wala kumkemea mpita njia. Kanze alitembea kando, kila hatua akichungulia chini ya turubai. Bibi alikuwa amelala, kiganja kimefunika pua, kama mtu aliyeziba chupa ya marashi yasipotee.