Askari wa Geti Aliyeongea

Juma lililopita nilikuwa kwenye saiba moja hapa Kitale, nikisubiri kuchapiwa barua. Mbele yangu alikaa mzee kutoka Bungoma, kofia mapajani, akimtajia binti wa kompyuta kazi zake za uigizaji. Waingereza wanakuja tena kupiga filamu huku kwetu, na safari hii wanatafuta mzee wa kuongea. Fomu zilikuwa zinafungwa saa sita.

"Filamu ya kwanza, andika askali wa geti. Mkari."

"Askari mkali?"

"Si ndivyo nimesema? Ya pili, askali wa geti tena. Ya tatu, maiti."

Binti aliacha kuchapa. "Ati maiti?"

"Nililala vizuri, bana. Mzungu mwenyewe alinisifu ati sikupumua."

"Sasa mzee, hapa wanauliza kama umewahi kuongea kwenye filamu. Ndiyo ama hapana?"

Mzee alivaa kofia, akaivua. Akaeleza kwamba katika ile ya pili alifungua geti akasema, "Karibu, bwana." Filamu ilipotoka, aliita majirani waje kutazama. Geti likafunguka, mdomo wake ukafunguka, kikasikika muziki tu.

"Basi ni hapana," binti alisema polepole.

"Niliongea, mama. Wao ndio waliweka muziki juu."

Binti alinigeukia mimi, mwalimu wa miaka mingi. Nilikumbuka watoto niliowapa sifuri kwa sababu walijibu huku darasa likipiga kelele, nami sikuwasikia. Nikamwambia aweke tiki kwenye ndiyo.